Saguna na Jina la Mumewe

Watu wa Wai wakimtaja Saguna Lele husema alikuwa jasiri. Eti mwanamke wa mji wetu aliyeyaandika maisha yake mpaka yakachapwa kitabu, enzi zile, hakosi alikuwa na moyo wa chuma. Hayo ni maneno ya watu wasiomjua. Saguna alikuwa mwoga kupindukia. Aliogopa kinyozi, aliogopa macho ya jirani, na kuliko vyote aliogopa kwamba ipo siku kalamu yake itamuua mumewe. Ndiyo maana katika kitabu kile chote mume ametajwa kwa jina mara moja tu, kwenye sura ya harusi. Kurasa nyingine zote anaitwa "wao".

Alizaliwa Thaki, binti wa kuhani mmoja wa kijiji cha juu bondeni, na aliolewa hajavunja ungo kama wenzake wote. Siku ya harusi bwana arusi aliletewa sahani ya shaba iliyotandazwa mchele, akachora juu yake kwa pete ya dhahabu jina jipya la mkewe: Saguna. Msichana aliukodolea macho ule mchele. Hakujua herufi hata moja, ila aliambiwa ile michirizi ni yeye, na jambo hilo lilimpendeza kuliko zile bangili za kijani walizomvisha.

Jioni wanawake wa ukoo walimketisha kati wakampa mafunzo. Mume hatajwi jina. Ukitaka kumwita unasema, "Mnasikia?" na ukimsimulia unasema "wao". Siku ya sherehe tu, wanawake wakikusanyika kupakana manjano na kunku, ile poda nyekundu ya mwenye mume, ndipo unaruhusiwa kulitaja, nalo ulifunge ndani ya shairi fupi lenye vina, ulitoe haraka wenzako wakicheka, kama mtu anayetoa kaa mekoni kwa koleo. Ukilitaja kavukavu unampunguzia siku zake. Na mwanamke hashiki kalamu, maana kalamu nayo ina njaa ya waume.

"Na siku zake zikiisha?" Saguna aliuliza kwa sauti ndogo.

"Muulize yule," akajibiwa.

Yule alikuwa Shangazi Bayo, dada wa baba wa bwana arusi. Alikaa peke yake nyuma ya nguzo, mbali na shughuli, kwa kuwa mjane hakaribii arusi. Alivaa sari ya rangi ya kutu isiyo na pindo, amejifunika mpaka kwenye nyusi, hana shanga, hana bangili, hana nukta ya kunku usoni. Ndiye aliyemlea bwana arusi mama yake alipofariki. Macho yao yalipokutana Saguna alijificha nyuma ya mama yake, na usiku kucha hakulala.

Alipovunja ungo akapelekwa rasmi nyumbani kwa mume, nyumba ya ghorofa moja karibu na ngazi za mtoni, akakuta watu wawili tu: Shangazi Bayo chini, mekoni na kwenye miungu yake, na mume juu, kwenye vitabu vyake. Mwalimu Lele, maana mimi nitamwita hivyo kwa sasa nisimtie Saguna tumbo joto huko aliko, alikuwa na ugonjwa mmoja: hawezi kukaa na mtu asiyejua kusoma bila kuwashwa. Haukupita mwezi akamletea mkewe ubao na chaki.

"Kaa hapa. Hii ni *a*."

"Mimi sitaki."

"Hutaki, au umeambiwa hutaki?"

Saguna akatazama chini. "Mtakufa," akasema.

Mwalimu alicheka mpaka akakohoa, na kile kikohozi kilimtia Saguna hofu wiki nzima. "Mimi nafundisha wavulana arobaini," akamwambia. "Kama herufi zinaua, ningekuwa nimeshakufa na darasa langu lote. Haya, andika."

Na hapo ndipo mtego ulipomnasa, maskini. Alipenda. Alizipenda zile herufi kwa uchu, kama mtoto aliyegundua mtungi wa sukari, na wakati huohuo aliamini, kwa moyo wake wote, kwamba kila moja inamng'ata mumewe. Alisoma alasiri, Shangazi akiwa hekaluni kusikiliza visa vya miungu. Mwalimu akijinyoosha kulala kidogo baada ya somo, Saguna alimnyemelea akaweka kidole chini ya pua yake aone kama pumzi inatoka.

"Unanipima nini tena?" Mwalimu akauliza siku moja, macho yamefumbwa.

"Mnasikia, nilidhani... inzi."

"Huyo inzi ana kidole kizito."

Mambo hayafichiki kwenye nyumba ya mwanamke aliyeishi kwa kutazama. Asubuhi moja Shangazi Bayo aliuona wino kwenye kidole cha mke wa mwanawe. Hakupiga kelele. Alimshika mkono akamvuta mpaka uani, nyuma ya kivumbasi kitakatifu, akaivua ile shela ya kichwani. Saguna hakuwahi kukiona kile kichwa wazi. Kilikuwa na makovu madogo madogo ya wembe, na vinyweleo vyeupe vilivyoanza kuchipua, kwa kuwa kinyozi alikuwa hajapita mwezi ule.

"Shika," akasema Shangazi.

"Shangazi, nisamehe."

"Shika, nimekwambia! Pitisha mkono. Unasikia kunavyokwaruza? Mimi walininyoa mume wangu alipokufa, nikiwa sijaota hata matiti. Walinishika miguu. Nywele zangu zilikuwa zinafika hapa." Akajigusa nyongani. "Basi wewe endelea na kalamu yako. Mtoto wangu akifa kwa kalamu yako, siku hiyo nitakushika miguu mimi mwenyewe."

Saguna aliuchomoa mkono wake, bangili zikalia. Siku hiyo hakupanda ghorofani, wala kesho yake. Siku ya tatu alipanda. Kitabuni mwake ameandika kwamba hajui kilichompandisha, na mimi namwamini, kwa sababu sisi watu tunapenda kusema "niliamua" wakati kweli miguu ilikwenda yenyewe.

Miaka ikaenda. Akazaa binti, akajua kusoma gazeti, akaanza kuwasomea wanawake wengine wa mtaa barua za waume zao walioajiriwa Mumbai. Walikuja kwa mlango wa nyuma, wakasikiliza wakilia, kisha wakatoka kwa mlango wa mbele wakimsema. Jirani Chimabai ndiye aliyekuwa kinara. Huko mtoni, akipiga nguo kwenye jiwe, alipaza sauti makusudi: "Jamani, mwenzetu akisoma mstari mmoja mumewe anakonda kidogo. Hamwoni alivyokonda? Karibu atabaki kilemba!" Wanawake wakaangua kicheko, na Saguna akarudi nyumbani kumwongezea mumewe samli kwenye wali.

Mwalimu ndiye aliyemwambia aandike maisha yake. "Vitabu vyote juu ya wanawake vimeandikwa na wanaume wenye ndevu," alisema. "Andika wewe, hata kama ni jinsi ya kukuna nazi." Basi akaandika. Aliandika habari za kijiji, za mama yake, za kaka aliyeliwa na homa, na jioni alimsomea mumewe huku akitazama mlango.

"Ngoja," Mwalimu akamkatiza. "Hapa unasema, 'wao walikuja toka shuleni, wao walikula, wao walilala.' Ni wangapi hawa? Umeolewa na kikosi cha jeshi?"

"Mnajua ni nani."

"Mimi najua. Msomaji atajuaje? Mwanamke, nina jina. Mama yangu alilichagua vizuri."

"Msinilazimishe," akasema Saguna, na macho yakamjaa machozi, hata Mwalimu akaacha utani.

Lakini ikafika sura ya harusi. Ilikuwa alasiri tulivu, mumewe yuko shuleni, Shangazi yuko hekaluni, binti yake amekwenda kwa bibi yake mzaa mama. Saguna alikuwa anaandika habari za ile sahani ya mchele, na furaha ya siku ile ikamrudia yote, akajisahau. Mkono ukakimbia mbele yake: *Ndipo Moreshwar akaliandika jina langu kwenye mchele, nami kwa mara ya kwanza nikajiona.* Aliinyanyua kalamu akasoma alichoandika. Jina lilikuwa pale, kavu, halina shairi, halina kicheko cha kulifunika, na wino ulikuwa umeshakauka.

Wiki ileile panya walianza kuanguka kutoka kwenye mapaa.

Aliyekuwapo mwaka ule wa tauni hahitaji kusimuliwa. Mpiga ngoma alipita mitaani akitangaza kila mtu ahame nyumba yake, na mji mzima ukavuka mto, ukajenga vibanda vya nyasi kwenye mashamba ya mtama. Saguna alibeba unga, sufuria, miungu ya Shangazi na kile kifurushi cha karatasi zake, kwa sababu hakuthubutu kukiacha na hakuthubutu kukitazama; binti yake alikuwa bado kwa bibi yake. Wakaaji wa kibanda cha jirani, kwa bahati yake mbaya, walikuwa akina Chimabai.

Mwalimu alianza kwa kutetemeka. Kufika kesho yake alikuwa akiweweseka, na kwapani palikuwa pametokeza mtoki mkubwa, mgumu, ambao hata ukiupulizia alipiga ukelele. Walipopita watu wa serikali wanaochukua wagonjwa kwenda banda la peke yao, ambako wengi hawakurudi, Shangazi Bayo alikaa mlangoni akaifungua shela ya kichwani kusudi. Mwanamume hataki kukitazama kichwa cha mjane asubuhi, ni nuksi. Wale watu wakageuza nyuso wakapita. Kwa mara ya kwanza Saguna aliona kile kichwa kikimfaa mtu.

Lakini yeye roho yake ilikuwa haipo. Kila alipobandika unga wa moto uliochanganywa na manjano juu ya ule mtoki, mumewe akalia, alisikia sauti kichwani: wewe, wewe, wewe. Chimabai naye hakumkawiza. Alisimama nje ya kibanda, pua kaifunga kwa pindo la sari. "Ndugu yangu, pole," akasema. "Lakini kweli si tulikwambia? Mimi mwenyewe nilisema pale mtoni. Mwanamke akishika kalamu, mwanamume hashiki roho."

Jua lilipokuwa limesimama utosini, Shangazi akiwa amekwenda kisimani, Saguna alikitoa kifurushi, akapekua, akaipata ile karatasi. Alipiga magoti kwenye mafiga matatu. Alikuwa ameshapulizia makaa yakawaka, ukingo wa karatasi uko karibu kabisa, ndipo mkono ukamnyakua kwa nyuma.

"Unachoma nini?"

Saguna alianguka miguuni pa Shangazi. "Nimemuua, Shangazi. Nilimwandika. Jina lao. Nililiandika lote, hivihivi, halina shairi. Niache nilichome, huenda wakapona."

Alingoja kofi. Halikuja. Alipoinua macho aliona uso wa Shangazi umekuwa wa majivu, na ile karatasi ameikumbatia kifuani.

"Limo humu?" Shangazi akauliza. "Jina la mtoto wangu limo humu?"

"Limo."

"Na wewe mpumbavu unalitia moto! Mtu yu hai, amelala pale, wewe unamtangulizia moto? Nani huchomwa, ee? Nani?"

Saguna akaziba mdomo kwa mikono miwili. Hakuwa amelifikiria hilo. "Basi nilitupe mtoni," akasema.

"Na majivu ya maiti hutupwa wapi?"

"Nilifukie."

"Wafukiwao ni watoto wachanga na watawa. Nyamaza, niache nifikiri."

Basi wakakaa wanawake wawili chini, karatasi katikati yao, hakuna anayethubutu kuigusa wala kuiacha ipeperuke. Ndani mgonjwa alikuwa akiwafundisha wanafunzi asiowaona, hesabu za kugawanya. Hatimaye Shangazi aliiokota, akaipangusa vumbi, akaiweka mapajani mwake akaifunika kwa kiganja, kama mtu anayemzuilia kifaranga asitoroke. Na akiwa vivyo hivyo, bila kumtazama Saguna, akaanza kusema.

"Wangu nilimwita."

"Ulimwita vipi, Shangazi?"

"Kwa jina. Nilikuwa mtoto. Nilikuwa nimeletwa kwao kwa sikukuu, na mama mkwe akaniambia kamwite mumeo aje ale. Yeye alikuwa kule kisimani anaopoa kishada chake kilichoangukia humo. Nikatoka mbio. Nyumbani kwetu nilikuwa naita kaka zangu hivyohivyo, nikasahau nimeolewa. Nikapaza sauti mtaa mzima ukasikia. 'Raghunath! Njoo ule!'" Alikwama pale. Midomo ilikuwa imelitoa lile jina na sasa haikujua ifanye nini. "Alicheka. Alikuja akicheka. Mama mkwe alinizaba kofi, na kabla juma halijaisha mume wangu akaanza kutapika. Mahujaji walikuwa wametoka Pandharpur, wameleta kipindupindu. Mtaa ule walikufa wengi, nyumba kwa nyumba. Lakini wale wengine walikufa kwa kipindupindu, Saguna. Wangu alikufa kwa mdomo wangu. Nilijua mimi, na mama mkwe wangu alijua. Kinyozi alipokuja sikupiga kelele. Walinishika miguu bure."

Saguna akasogea karibu naye.

"Ndiyo maana nilikuwa nakuchunga na wino wako," Shangazi akasema. "Ulidhani nakuonea wivu nywele zako? Niliogopa. Kila siku nilipokusikia huko juu ukisoma, nilikaa mekoni nikiogopa. Na sasa umefanya kama mimi."

"Nimefanya kama wewe," akasema Saguna, na wote wawili wakatazama mlango wa kibanda.

Hakuna cha kusimulia katika muda uliofuata isipokuwa hofu. Walibandika unga, wakabandua, wakabandika mwingine. Mwalimu aliacha kuweweseka, na ukimya ule ulikuwa mbaya zaidi. Saguna akarudia desturi yake ya zamani, kidole chini ya pua, ila safari hii hakuna aliyemtania. Shangazi hakuiachia ile karatasi. Aliifunga kwenye pindo la sari yake akafanya kazi zote nayo, yeye ambaye zamani hata kitabu cha shule kikiguswa mbele ya miungu yake alikwenda kuoga upya. Wakati mwingine Saguna alimwona akilishika lile fundo na kunong'ona, na hakujua anaomba au anatishia.

Asubuhi moja, Saguna akibandua ule unga, Shangazi amesimama mlangoni, mtoki ulipasuka. Usaha na damu vilimwagika mpaka kwenye mkeka. Mwalimu alipiga ukelele mmoja mkubwa kisha akanyamaza kabisa, na Saguna akajua kwamba basi, ndiyo hivyo. Akakaa chini palepale. Akaanza kuzivua bangili zake moja moja, kwa kuwa alijua zitavunjwa na watu wengine akichelewa.

"Hizo bangili zina kosa gani?" sauti ikauliza.

Macho ya Mwalimu yalikuwa wazi, yametulia, yanamtazama. Paji la uso lilikuwa na jasho, na jasho lile lilikuwa baridi.

"Na hivi," akasema tena, kwa taabu, "kwenye nyumba hii siku hizi hakupikwi?"

Saguna aliikimbilia sufuria. Alicheka na kulia pamoja, akachota wali laini kwenye kijiko, akaumwaga nusu kwenye ndevu za mumewe. Ndipo akageuka kumwita Shangazi aje aone, akakuta pale alipokuwa amesimama hapana mtu.

Woga ukampata upya. Alitoka mbio na bangili chache zilizobaki mkononi, akili yake imekwenda moja kwa moja kisimani, asije akawa amejitupa. Alimwona kule mwisho wa shamba, ambako mtama umevunwa, amesimama kichwa wazi juani. Karatasi alikuwa ameifungua, ameishika kwa mikono miwili mbele ya macho yake, yeye asiyejua *a* wala nini.

"Shangazi, wamefumbua macho! Wameomba chakula!"

"Nimeona," akasema Shangazi Bayo. "Uliliandika lote, kavu, na anakula." Uso wake ulikuwa unamchezacheza, hautaki kukaa mahali pamoja. "Basi mimi, Saguna. Basi mimi miaka yote hii..."

Hakumaliza. Alijaza kifua pumzi, akapaza sauti kuelekea kule mtoni, sauti nyembamba ya kitoto ambayo hakuna mtu wa Wai aliyewahi kuisikia ikitoka kwake.

"Raghunath! Raghunath!"

Aliita, akaita tena, akaendelea kuita, na machozi yakimtiririka mpaka shingoni. Watu walitoka vibandani kutazama. Chimabai alikuja mbio, pindo la sari puani.

"Kulikoni? Anamwita nani huyo?"

"Mumewe," akasema Saguna.

"Mumewe? Si alikufa zamani sana?"

"Alikufa," Saguna akajibu. "Kwa kipindupindu."